FIDIA SI SADAKA
Damu ya barabara ya Kibiti na haki ya mayatima

Huenda akatokea mtu akauliza: karatasi ya chama cha Visiwani ina shughuli gani na barabara ya Kibiti? Mambo ya Unguja na Pemba hayajesha, ya nini kuvuka bahari kwenda kutafuta msiba wa watu wengine?

Twamjibu mtu huyo kwa kumwomba ainue macho atazame dari ya nyumba ya babu yake. Boriti zile zimetoka wapi? Zimetoka Rufiji. Kwa karne nzima na zaidi majahazi yaliingia katika midomo ya mto ule, yakapakia mikoko, yakarudi nayo Unguja, na mengine yakaendelea nayo hadi Uarabuni. Upana wa vyumba vya Mji Mkongwe ulipimwa kwa urefu wa boriti. Kwa hivyo baina yetu na watu wa Delta pana deni la zamani, na pana udugu wa zamani.

Leo majahazi yamepungua. Mtu wetu anayekwenda kutafuta riziki kusini hushuka boti Dar es Salaam, akaenda Mbagala, akapanda gari la Kibiti, Ikwiriri, Kilwa, Lindi au Mtwara. Ndugu zetu wa Mafia nao njia yao ni hiyo hiyo: hupita Mkuranga, wakaingia wilaya ya Kibiti, wakateremka Nyamisati kungojea chombo cha kuwavusha Kilindoni. Basi barabara ya Kibiti ni njia ya watu wa visiwa kama ilivyo bahari, na anayekufa juu yake ni mtu wetu.

Barabara hiyo si ile ya zamani. Walioipita kabla ya mwaka 2003 wanakumbuka kulala Ndundu wakingoja kivuko cha mto. Mwaka huo daraja la Mkapa, lenye urefu wa karibu kilomita moja, likafunguliwa, na baadaye lami ikamalizika kuelekea kusini. Sisi hatuwi miongoni mwa wanaolaumu kila jema. Daraja ni jema, lami ni njema. Lakini lami huleta mwendo, na mwendo bila ya hadhari huleta mauti. Pamoja na mabasi yapo malori ya saruji, ya korosho, ya mkaa na ya magogo. Zipo pikipiki za abiria zinazotoka vijijini na kuingia barabarani ghafla. Wapo watoto wa skuli wanaokwenda kwa miguu kandokando ya lami. Na tusisahau usiku ule wa Machi 2018, huko Mkuranga, juu ya njia hiyo hiyo, basi dogo lilipogongana na lori, na watu zaidi ya ishirini wakafa kwa mara moja.

Nia yetu leo si kuhesabu ajali. Kuhesabu kunafanywa na polisi, na kulaumu madereva kunafanywa na kila mtu. Sisi twauliza swali ambalo halina wa kuliuliza: baada ya maiti kuzikwa, walioachwa nyuma wanapata nini?

Tuchukue nyumba moja, ambayo hatutaitaja kwa heshima ya wenyewe. Baba alikuwa mfanyabiashara mdogo wa nguo, akivuka kila mwezi kupeleka bidhaa minada ya Rufiji. Gari aliyopanda ikagonga lori lililoharibika, lililoachwa katikati ya njia usiku bila ya taa wala alama. Mwenye gari hakukimbia. Alileta maiti mpaka bandarini kwa gharama yake, akaleta sanda, magunia mawili ya mchele, na bahasha ya fedha. Watu wakamsifu kwamba ni mtu wa imani. Siku ya tatu, matanga hayajaondoka, akaja kijana wake na karatasi, akasema, “Mama, hii ni ya kuonesha kwamba mmepokea.” Mjane akaweka dole gumba. Mwaka ulipopita, mtoto mkubwa amekwisha kuacha skuli, akaja mtu mwenye kujua kusoma akaitazama nakala ya karatasi ile. Ilikuwa imeandikwa kwamba familia imepokea malipo kamili na ya mwisho, na haina dai lolote tena juu ya mwenye gari wala juu ya bima yake.

Magunia mawili ya mchele, ndugu zangu. Hiyo ndiyo iliyokuwa thamani ya mtu mzima mwenye mke na watoto wanne.

Hatusemi kwamba mchele ule ulikuwa haramu. Rambirambi ni ada yetu, na mwenye kutoa apewe shukurani zake. Tunalosema ni kwamba rambirambi ni kitu kimoja na fidia ni kitu kingine. Rambirambi hutolewa kwa huruma ya mtoaji, akipenda hutoa na asipopenda hatoi. Fidia ni haki ya mfiwa, apende asipende mlipaji. Dhulma kubwa ya barabara zetu ni kwamba cha kwanza kimevishwa nguo za cha pili, na mjane hufundishwa kushukuru pale anapostahiki kudai.

Wapo watakaosema kwamba sheria ya mambo haya haipo. Ipo, tena ni ya siku nyingi. Huko Uingereza, mahakama zilikuwa zikihukumu kwamba mtu akifa, jamaa zake hawawezi kudai kitu kwa kifo chake. Ilikuwa rahisi zaidi kwa mkosaji kumwua mtu kuliko kumvunja mguu. Mwaka 1846, zama za gari la moshi, Bunge la huko likaivunja kanuni hiyo. Tanganyika ilipata sheria ya namna hiyo mwaka 1955, nayo mpaka leo imo katika vitabu vya sheria vya Tanzania Bara, Sura ya 310. Inasema kwamba mtu akiuawa kwa kosa la mwengine, mke au mume, wazazi na watoto wake wana haki ya kudai kwa hasara waliyoipata. Na sheria ya bima ya magari, Sura ya 169, inamlazimisha kila mwenye gari kuwa na bima ya watu wengine kabla ya gari kutia gurudumu barabarani, na abiria anayelipa nauli ni miongoni mwa wanaolindwa na bima hiyo.

Kama sheria ipo, kwa nini mayatima wanalala na njaa? Kwa sababu baina ya sheria na nyumba ya mfiwa pana milango minne, na yote imefungwa.

Mlango wa kwanza ni khabari. Mjane wa Micheweni au wa Mbwera hajui gari ile ilikuwa na bima ya kampuni gani. Gari yenyewe imevunjika na kubaki polisi, zaidi ya kilomita mia kutoka Dar es Salaam, na bahari tena juu yake.

Mlango wa pili ni kuthibitisha kosa. Sheria yetu hailipi kwa sababu mtu amekufa. Hulipa kwa sababu mtu amekufa kwa kosa la mwengine. Basi mfiwa ndiye wa kuthibitisha kwamba dereva alikosea, naye hakuwapo, na aliyekuwapo amekufa. Mwenye gari humtupia lawama mwenye lori, mwenye lori humtupia mwenye gari, na katikati yao mtoto anataka ada ya skuli.

Mlango wa tatu ni mahakama. Bima inalazimika kulipa baada ya hukumu. Kabla ya hukumu, inayofanyika ni biashara ya kukokotana bei, na katika biashara hiyo mmoja ana wakili na subira, na mwengine ana deni dukani. Hata kuingia katika madai hayo kunahitaji cheti cha kifo, taarifa ya polisi na usimamizi wa mirathi. Na saa ya sheria haisimami kumngoja mtu aliyeko eda: muda wa kufungua madai hukimbia tangu siku ya kifo.

Mlango wa nne ni wa wale ambao hawana hata wa kumdai. Aliyegongwa usiku na gari lisilojulikana likatoweka, atamdai nani? Aliyepanda juu ya mzigo wa lori kwa lifti, bila ya kulipa nauli, kwa kuwa hapakuwa na gari nyengine kijijini kwake, bima ya lazima haimtambui kama abiria wa nauli. Aliyebebwa na pikipiki ambayo bima yake imekwisha, atapewa pole. Na watu wa namna hii ndio wengi katika vijiji vya Delta, kwa sababu ndio maskini.

Pembeni ya milango hiyo, kesi ya dereva mahakamani huendelea peke yake. Akipatikana na hatia hufungwa au hutozwa faini, na faini hiyo huingia katika mfuko wa Serikali. Yaani mtu amekufa, Serikali imepokea fedha, na yatima hakupata kitu. Twauliza: katika mambo haya matatu, lipi lililo haki?

Sasa tumjibu mzee wetu mmoja barazani, tunayemheshimu, aliyetuambia: “Wanangu, ajali ni kudra. Kudai fedha kwa kifo ni kama kumgombeza Mungu.” Mzee wetu, Mungu akuzidishie umri. Sisi sote twaamini kudra. Lakini sheria ya Kiislamu, ambayo sisi na wewe tumeisoma chuoni, inapozungumza juu ya mwenye kuua kwa kukosea bila ya kukusudia, haikusema kwamba kudra imemaliza jambo. Imeamrisha diya ikabidhiwe jamaa wa maiti, isipokuwa wenyewe wasamehe. Msamaha ni wao wala si wa mlipaji, tena ni msamaha wa mtu anayejua anachokisamehe. Dole gumba la mjane asiyejua kusoma si msamaha. Na jamaa zetu walioko Ghuba wanayajua haya kwa vitendo. Katika nchi za Falme za Kiarabu diya ya mtu aliyeuawa barabarani imekuwa ikihukumiwa dirham 200,000, na Oman mwaka 2008 ilipandisha diya kufikia riali 15,000. Je, watu wa Oman hawaamini kudra?

Wala jambo hili si la Waislamu peke yao. Katika barabara ya kusini hufa Mwislamu na Mkristo kwa pamoja, na damu zao hazitengani juu ya lami. Nchi za kila dini zimeona kwamba gari ni chombo kinachomletea faida mwenyewe na hatari kila mtu, na kwa hivyo wenye kufaidi magari wabebe kwa pamoja mzigo wa wanaoumizwa nayo. New Zealand tangu mwaka 1974 hailazimishi mfiwa kuthibitisha kosa. Aliyepatwa na ajali au walioachwa naye hulipwa na mfuko wa taifa. Afrika Kusini, Botswana na Namibia zina mifuko ya wahanga wa barabara, inayojazwa kwa kiasi kidogo kinachokatwa katika kila lita ya mafuta. Kwetu pia kila lita ya mafuta inakatwa tozo ya kutengeneza barabara. Basi shimo la lami lina mfuko wake. Shimo lililobaki katika nyumba ya mfiwa, mfuko wake uko wapi?

Tuseme kweli, kwa sababu chama kinachodanganya wanachama wake hakistahiki kuwaongoza. Mifuko hii nayo ina maradhi yake. Mfuko wa Afrika Kusini umezama katika madeni, na fedha nyingi zimeishia kwa mawakili badala ya waliofiwa. Uganda nayo iliandika katika sheria yake ya mwaka 1989 kwamba bima ya mtu mmoja isizidi shilingi milioni 1 ya huko. Miaka ikapita, thamani ya fedha ikaanguka, na kiwango kilichokuwa na maana siku ile kikageuka kuwa dhihaka. Kwa hivyo anayetaka mfuko na auwekee mipaka miwili tangu siku ya kwanza: dalali asiingie mlangoni, na kiwango kitazamwe kila mwaka.

Visiwani tuna sababu yetu ya kulisema hili kwa uchungu. Sisi ni watu wa Spice Islander, iliyozama usiku wa kuamkia tarehe 10 Septemba 2011 ikielekea Pemba. Sisi ni watu wa Skagit, iliyozama tarehe 18 Julai 2012 ikitoka Dar es Salaam. Tunajua msiba mkubwa hupata tume, hupata bendera nusu mlingoti, hupata viongozi wa kuja kutoa pole. Lakini wanaokufa barabarani hawafi kwa mamia usiku mmoja. Hufa wawili leo Bungu, mmoja kesho Ikwiriri, watatu wiki ijayo Jaribu. Ni meli inayozama polepole, na kwa kuwa inazama polepole hapana anayepiga king'ora.

Na liko jambo jengine. Tangu tarehe 1 Oktoba 2024, kila mgeni wa nje anayeingia Zanzibar hutakiwa kukata bima ya safari ya Shirika la Bima la Zanzibar kwa dola 44. Hatuna ubaya na mgeni. Mgeni njoo mwenyeji apone. Lakini Serikali iliyoweza kupanga, kutangaza na kusimamia bima ya mtu anayekuja kuogelea Nungwi kwa siku saba, haiwezi kutuambia kwamba imeshindwa kupanga njia ya kumfikishia haki yake mjane wa mtu aliyekufa njiani akitafuta riziki. Aliyeweza hili angeweza na lile. Lililokosekana ni nia.

Kwa hivyo chama chetu kinataka mambo matano, na tunataka wawakilishi wetu wayapeleke Baraza la Wawakilishi na Bungeni bila ya kuchoka.

Kwanza, yalipwe malipo ya awali yenye kiwango kinachojulikana, kwa kila familia ya aliyekufa barabarani, bila ya kuuliza kosa ni la nani, na yafike kabla ya mjane kutoka eda, yaani ndani ya miezi minne na siku kumi. Anayetaka kudai zaidi mahakamani abaki na haki yake.

Pili, polisi wanaopima ajali wawajibike kumpa mfiwa, kwa maandishi na bila ya malipo, namba ya gari, jina la kampuni ya bima na namba ya bima hiyo. Khabari hizi wanazo. Zisiuzwe wala zisifichwe.

Tatu, uwepo mfuko wa wahanga wa barabara, wenye kuchangiwa na tozo ndogo ya mafuta na mashirika ya bima, kwa ajili ya waliogongwa na magari yasiyojulikana, yasiyo na bima, na waliopanda lifti.

Nne, karatasi yoyote ya “malipo kamili na ya mwisho” iliyotiwa saini wakati wa msiba isiwe na nguvu mpaka isomwe mbele ya hakimu au kadhi, na mfiwa aulizwe kama ameifahamu.

Tano, Serikali ya Mapinduzi ya Zanzibar iweke Dar es Salaam afisa wa kuwasimamia watu wa Visiwani waliofiwa Bara, tangu chumba cha maiti hadi hundi ya bima.

Watasema: fedha ziko wapi? Twajibu kwamba gharama hii inalipwa hata leo. Analipa mtoto anayeacha skuli, analipa bibi anayerudi kuchimba chaza na kwenda mwani uzeeni, analipa mjomba aliyebeba nyumba mbili. Sisi hatutaki gharama mpya. Twataka gharama iliyopo iondoke katika mabega ya mayatima na igawanywe kwa wenye magari wote, senti kwa senti.

Mpaka hayo yatakapopatikana, wanachama wana kazi ya kufanya wenyewe. Msafiri wa Bara ahifadhi tikiti yake, na aiache nyumbani khabari ya gari aliyopanda. Panapotokea msiba, katibu wa tawi aende siku hiyo hiyo, na baada ya kutoa pole aulize mambo matatu: gari ni namba gani, imepimwa na polisi wa wapi, bima ni ya nani. Achukue taarifa ya polisi na cheti cha kifo mapema. Asikubali mfiwa aweke dole juu ya karatasi ambayo haijasomwa kwa sauti mbele ya watu wazima wawili. Kama kampuni ya bima inazungusha, malalamiko yapelekwe kwa Msuluhishi wa Migogoro ya Bima na kwa Mamlaka ya Usimamizi wa Bima. Na wenzetu wa Kibiti, Mkuranga na Mafia, wawe wa chama chetu au wa chama chengine, wapewe msaada huo huo, kwa sababu mauti hayaulizi kadi.

Ndugu wanachama, boriti ya Rufiji huweza kubeba dari miaka mia. Lakini nyumba aliyoondoka mbebaji wake haina boriti. Wajibu wa Serikali, kwa fedha za sisi sote, ni kuitia boriti nyengine kabla dari haijawaangukia watoto.

Karatasi hii ukishaisoma mpe mwenzio, na asiyejua kusoma msomee.